Mbuzi Aliyekula Biblia: Satchel Paige na Hesabu ya Miaka

Haya ni mazungumzo niliyoyatoa kwenye mkusanyiko wa familia zetu hapa Kansas City, Missouri. Nimeyaandika kwa ajili ya waliokuwa zamu ya usiku, na kwa waliokuwepo lakini watoto hawakuwapa nafasi ya kusikiliza.

Shikamooni wazee wangu. Ninyi wa Uvira, Fizi na Bukavu, jambo yenu. Wa Bujumbura, amahoro. Wa Bara, wa Pwani na wa Unguja, hamjambo. Na ninyi vijana mliojibanza kule nyuma karibu na sinia la sambusa, nawaona, na nimeshazihesabu.

Nimeombwa nizungumze juu ya mtu wa kuigwa. Samahani kwa waandaaji, kwa sababu niliyemleta alikuwa mtoro, mchelewaji, mvunja mikataba, na mtu wa chumvi nyingi. Lakini amezikwa hapa hapa mjini kwetu, kwenye makaburi ya Forest Hill, na wengi wetu tunapita karibu yake kila siku tukienda kazini bila kujua. Anaitwa Leroy Robert Paige. Dunia ilimjua kama Satchel, mrushaji wa mpira wa besiboli.

Kabla sijafika kwake, nianze na kisa cha kwetu. Mnajua kazi yangu ni ukalimani. Miaka kadhaa iliyopita niliitwa kwenye kliniki moja kumtafsiria mzee wetu mmoja. Yuko hapa kiti cha mbele, na ruhusa ya kusimulia amenipa mwenyewe. Karani akamuuliza tarehe ya kuzaliwa. Mzee akanigeukia, akanipa jibu la mtu mzima: "Mwambie Ziwa Tanganyika lilipopanda likala nyumba za watu, mimi nilikuwa nimeshaanza kutembea." Nikamtafsiria karani neno kwa neno. Karani hakuinua hata macho kwenye kompyuta. Akasema, "Tarehe 1 Januari, basi?" Akabonyeza. Mzee akawa amezaliwa tarehe 1 Januari. Mama yetu naye, tarehe 1 Januari. Wakwe, tarehe 1 Januari. Hebu inueni mikono mliozaliwa tarehe 1 Januari. (Mikono ikainuka karibu nusu ya ukumbi, na kicheko juu yake.) Haya. Shusheni. Mwaka mpya tutahitaji keki kubwa.

Mzee alipotoka pale alinyamaza mpaka tukafika kituo cha basi. Kisha akaniuliza, "Sasa ile yangu wameitupa wapi?"

Swali hilo lilinirudia nilipoanza kusoma habari za Satchel Paige, maana maisha yake yote huyu bwana aliulizwa umri wake. Waandishi wa habari walimuuliza, wenye timu walimuuliza, mashabiki wakamuuliza wakiwa wamekaa kwenye viti vyao. Jibu lake mashuhuri lilikuwa la mbuzi. Cheti cha kuzaliwa, alisema, kiliwekwa ndani ya Biblia ya familia, na mbuzi wa nyumbani akaila Biblia, na cheti kikaenda nayo. Kila mwaka mbuzi yule aliongezewa kitu. Mara alikuwa wa babu, mara wa familia. Mara aliishi umri mrefu kwa sababu ya yale aliyoyala.

Karatasi, hata hivyo, ilikuwepo. Mji wa Mobile, jimbo la Alabama, ulikuwa umeandika: mtoto wa kiume, tarehe 7 Julai 1906. Baba yake John, mama yake Lula, mfuaji nguo wa watu. Watoto 12, yeye wa 7. Hata jina la ukoo lilikuwa Page, bila hiyo herufi ya katikati. Familia ikaiongeza baadaye. Ninyi ambao majina yenu yameandikwa kwa namna tatu kwenye karatasi tatu za serikali, huyu ni ndugu yenu.

Jina la Satchel maana yake ni mkoba. Akiwa mtoto alibeba mizigo ya abiria kwenye stesheni ya treni ya Mobile, senti 10 kwa begi. Aliona begi moja moja ni kupoteza muda, akatafuta mti na kamba, akaning'iniza mabegi kadhaa kwa mkupuo mmoja. Wenzake wakamcheka kwamba amekuwa mti wa mikoba unaotembea. Hiyo ni simulizi yake. Rafiki yake wa utotoni alikuwa na nyingine: kwamba jina lilimkaa siku alipojaribu kukimbia na begi la abiria. Mimi naziamini zote mbili, na anayefahamu maisha ya stendi ataniunga mkono.

Mwaka 1918, akiwa ametimiza miaka 12 tu, alihukumiwa kwa utoro wa shule na wizi mdogo wa dukani, akapelekwa shule ya marekebisho ya watoto weusi huko Mount Meigs. Alikaa huko miaka 5 na zaidi, hadi Desemba 1923. Mtoto wa miaka 12, kwa vitu vya dukani! Nawaombeni msikimbilie kusema "ndiyo iliyomtengeneza." Alisema hivyo yeye mwenyewe, na ana haki ya kusema. Mimi mama wa watoto watatu sina haki hiyo. Ila ni kweli kwamba huko kulikuwa na mwalimu aliyeitwa Edward Byrd, aliyemwona kijana mrefu, mwembamba, mikono kama makasia, akamfundisha kunyanyua mguu wa mbele juu kabisa mpaka mpigaji asione kitu isipokuwa soli ya kiatu, na kuuachia mkono mbele katika dakika ya mwisho kabisa.

Hapa nisimame kidogo, maana najua wapo mnaosema besiboli ni mchezo wa watu kusimama. Na mimi nilisema hivyo hivyo, mpaka mwanangu wa pili alipochaguliwa kuwa mrushaji wa timu ya shule, nikajikuta nimekaa kwenye bati la moto kila Jumamosi nikishika roho mkononi. Tazameni. Mrushaji anasimama juu ya kilima kidogo cha udongo. Mita 18 na nusu kasoro kidogo mbele yake, kuna kibao cheupe cha mpira kimelazwa chini. Pembeni mwa kibao amesimama mpigaji na gongo lake. Gongo la mti, jamani, si lile la chupa. Nyuma ya kibao amechuchumaa mdakaji. Mpira ukitoka mkononi kwa mwendo wa kilomita 145 kwa saa, unafika kwa muda usiotimia nusu sekunde. Ndani ya muda huo mpigaji aamue: nipige au niache? Akiukosa, ni straiki. Akiuacha na umepita juu ya kibao, kati ya magoti na kifua, ni straiki pia. Straiki tatu, katoka. Akiupiga vizuri, anakimbia kupitia vituo vitatu uwanjani, na akirudi salama kwenye kibao timu yake inapata pointi. Watu watatu wakitoka, timu zinabadilishana, na zamu zikitimia 9 mchezo umekwisha. Uwanjani kuna watu 9 wa upande mmoja, lakini mpira haupigwi mpaka mmoja aamue kuurusha. Ndiyo maana mrushaji ni mpweke kuliko kipa. Kipa anangoja hatari. Mrushaji anaianzisha yeye mwenyewe kila mara.

Silaha ya Satchel ilikuwa shabaha. Inasimuliwa kwamba akipasha mwili alikuwa halengi kibao, bali analaza karatasi ya kufungia pipi juu yake, kisha anarusha mpira upite juu ya ile karatasi. Mipira yake aliipa majina, kama mtu anayefuga njiwa: huu wa nyuki, kwa sababu unavuma ukipita, huu Tom Mrefu. Na kulikuwa na mmoja uliowatesa wapigaji kuliko yote, wa kusitasita. Mguu wa mbele ulikuwa umeshakanyaga chini, mwili umeshakwenda, lakini mkono ulikuwa bado nyuma, umeganda. Mpigaji anarusha gongo hewani, anageuka, ndipo mpira unakuja. Alipoingia ligi kubwa, rais wa ligi, Will Harridge, aliupiga marufuku. Ukiona sheria inatungwa kwa ajili yako peke yako, jua umeumiza watu.

Sasa ligi kubwa. Hapa ndipo yalipo mambo. Tangu mwisho wa karne ya 19 hadi 1947, wenye timu kubwa za wazungu hawakumchezesha mchezaji mweusi hata mmoja. Hakukuwa na sheria iliyoandikwa; walikubaliana kwa macho. Weusi wakaunda ligi zao. Ile ya kwanza iliyosimama imara ilizaliwa hapa hapa Kansas City, tarehe 13 Februari 1920, kwenye jengo la YMCA la Paseo, chini ya uongozi wa Rube Foster. Ukitoka jumba la makumbusho ya ligi hizo pale mtaa wa 18 na Vine, unafika kwa miguu.

Satchel alianza na timu ya Mobile Tigers mwaka 1924. Alisimulia kwamba mapato ya getini yakiwa mazuri alipewa dola moja, yakiwa mabaya alipewa pipa dogo la maji ya limau. Mwaka 1926 akaenda Chattanooga, mwaka 1927 Birmingham Black Barons, kisha Pittsburgh Crawfords ya Gus Greenlee. Nikiwatajia timu zote tutakula sambusa baridi. Yeye mwenyewe alidai alizichezea timu 250, akarusha michezo zaidi ya 2,500 na kushinda kama 2,000. Nani alihesabu? Alihesabu yeye.

Na hapo ndipo ninapotaka tukae kidogo. Ligi za weusi ziliandikwa kwa kusuasua. Magazeti ya weusi kama Pittsburgh Courier na Chicago Defender yalijitahidi, lakini michezo mingi ya hawa watu ilikuwa ya njiani: leo mji huu, kesho mji ule, dhidi ya wafua chuma, dhidi ya wakulima, dhidi ya nyota wa kizungu waliokuwa mapumzikoni wakitafuta fedha za majira ya baridi. Mwaka 1946 Satchel na Bob Feller wa Cleveland walizunguka nchi nzima kwa ndege, timu ya weusi dhidi ya timu ya wazungu, na viwanja vikajaa. Michezo ya namna hiyo haikuingia katika kitabu chochote cha ligi. Mtu aliyenyimwa daftari la hesabu, akabaki na mdomo wake. Watu wanamlaumu Satchel kwa chumvi. Mimi nawauliza, chumvi ukilinganisha na nini? Na daftari lipi?

Si kwamba alikuwa malaika. Greenlee alimlipa vizuri kuliko wenzake, naye akamkimbia mara mbili. Alikwenda Bismarck, Dakota Kaskazini, kuichezea timu iliyochanganya weusi na weupe, ya muuza magari mmoja aitwaye Neil Churchill. Mjini humo watu walimshangilia uwanjani, lakini nyumba ya kupanga hakuipata, na inasimuliwa kwamba yeye na mkewe waliishi kwenye behewa la mizigo. Mwaka 1935 timu hiyo ilikuja Wichita, Kansas, hapo jirani zetu, kwenye mashindano ya kitaifa ya timu zisizo za kulipwa kikamilifu. Wakachukua ubingwa. Satchel alishinda michezo 4 na kuwatoa wapigaji 60 kwa straiki. Ukiwatoa 60 kwa wiki mbili halafu unarudi kulala kwenye behewa, mkataba wa mtu unauona kama karatasi tu.

Mwaka 1937 akakimbia tena, safari hii hadi Jamhuri ya Dominika. Dikteta Rafael Trujillo alikuwa na mji mkuu aliouita kwa jina lake, na timu ya mji ule haikutakiwa kushindwa. Satchel akapewa fedha, inatajwa dola 30,000 za kugawana yeye na wenzake aliowaleta, akina Josh Gibson na Cool Papa Bell. Askari wenye bunduki wakawa wanawasindikiza kila mahali. Walishinda ubingwa. Satchel alisimulia mchezo wa mwisho kama mtu aliyekuwa akirusha mpira huku akihesabu risasi, na hapo pia, chumvi ni ya kwake. Lakini nani kati yetu, aliyewahi kupita kizuizi cha barabarani usiku, atamcheka?

Mwaka uliofuata, Mexico, mkono ukafa. Alikuwa na miaka 32. Hakuweza kuunyanyua hata kufika begani. Daktari akamwambia kazi imekwisha. Zile timu alizokuwa akizikimbia, safari hii zenyewe zikamkimbia. Aliyempokea ni J. L. Wilkinson, mzungu mwenye Kansas City Monarchs, akamweka kwenye timu ya pili ya kuzunguka vijijini, ili watu walipe kumwona tu, kwa jina lake, hata kama anarusha kama mtoto. Wakaenda hivyo mwaka 1939, mji kwa mji, mkono ukikandwa kwa maji ya moto na mafuta. Halafu siku moja akarusha, na haukuuma. Akarusha tena, kwa nguvu zaidi. Haukuuma. Sina maelezo ya kitabibu, na nimewahi kumuuliza tabibu wa viungo ninayefanya naye kazi, alipandisha mabega.

Ndivyo Satchel alivyokuwa wa Kansas City. Mwaka 1942 Monarchs walikutana na Homestead Grays kwenye fainali, na Grays walikuwa na Josh Gibson, mpigaji wa kutisha kuliko wote. Zipo simulizi za siku ile Pittsburgh: kwamba Satchel aliwaachia kusudi wapigaji wawili wapite ili vituo vyote vijae na Gibson aje, kwamba alimwambia Gibson kila mpira utakavyokuja kabla hajaurusha. Buck O'Neil, aliyekuwa akicheza kituo cha kwanza, aliisimulia hivyo mpaka uzeeni, na alikuwa msimulizi asiye na mfano. Wanaofukua magazeti ya wakati ule hawakubaliani naye kila mahali. Jambo moja halina ubishi: vituo vilikuwa vimejaa, na Gibson alitoka kwa straiki tatu. Monarchs wakanyakua ubingwa.

Mwaka 1945 Monarchs walipata kijana mpya, mwanajeshi wa zamani, msomi, jina lake Jackie Robinson. Oktoba mwaka huo Branch Rickey wa Brooklyn Dodgers, timu ya ligi kubwa, akamsajili. Miaka 26. Satchel alikuwa na 39. Tarehe 15 Aprili 1947 Robinson akaingia uwanjani Brooklyn, na ukuta ukapata tundu. Satchel aliusifu uchaguzi ule mbele ya waandishi, lakini baadaye alikiri kwamba ulimchoma. Alikuwa amebisha mlango ule kwa miaka 20, akiwatoa nyota wao kila walipokutana njiani, na mlango ulipofunguliwa aliitwa aliyekuwa nyuma yake kwenye foleni. Hapo ndipo mbuzi aliponiingia akilini kwa namna nyingine. Mimi naona hadithi ile haikuwa mzaha. Ilikuwa ngao. Mtu asiye na tarehe hawezi kuambiwa muda wake umepita.

Kisha ikaja 1948. Cleveland Indians walikuwa wanagombea ubingwa, na mwenye timu, Bill Veeck, akamwita Satchel kwa majaribio. Meneja Lou Boudreau akachukua glavu akadaka mwenyewe, na Satchel akarusha mipira kadhaa bila kupoteza karibu wowote. Wakatia saini tarehe 7 Julai 1948. Angalieni tarehe hiyo. Ile ya karatasi ya Mobile. Alitimiza miaka 42 siku aliyopewa kazi aliyostahili akiwa na 22. Mhariri mmoja wa gazeti kubwa la michezo akaandika kwamba ni dhihaka, kwamba Veeck anatafuta watazamaji tu.

Watazamaji walikuja kweli. Tarehe 3 Agosti alianza mchezo dhidi ya Washington: watu 72,434. Tarehe 13, Chicago: 51,013, na wenyeji hawakupata hata pointi moja. Tarehe 20, Cleveland, Chicago tena: 78,382, na tena hawakupata kitu, 1–0. Alimaliza msimu ameshinda 6 na kushindwa 1. Cleveland walilingana na Boston Red Sox kileleni, wakalazimika kucheza mchezo wa ziada kupata bingwa wa ligi. Ondoa hizo 6 uone kama wangefika. Kwenye fainali ya dunia alipewa nafasi siku moja tu, tarehe 10 Oktoba, mbele ya watu 86,288. Akawatoa wawili, akaketi. Ndiye mweusi wa kwanza kurusha mpira katika fainali hizo. Wawili tu. Mimi Boudreau sijamsamehe, na hata hanijui.

Baadaye Veeck alihamia St. Louis Browns, akamchukua, na mwaka 1952 na 1953 Satchel aliitwa kwenye timu ya nyota wa ligi. Mwaka 1959 likatokea jambo dogo ambalo mimi nalipenda kuliko ushindi wowote. Mwandishi mmoja alimfuata Bi Lula, mama mzazi, ajuza wa miaka mingi. Mama akasema mwanawe ni mkubwa kwa miaka miwili kuliko karatasi. Amejuaje? Kwa sababu aliandika kwenye Biblia yake! Biblia ile ile, bila shaka, iliyolala tumboni mwa mbuzi. Satchel alipoambiwa alijitetea kwamba hajawahi kuonyeshwa hiyo Biblia, na mama naye siku hizi husahau.

Sasa njooni karibu, kwa maana kisa hiki kilitokea mtaa wa 22 na Brooklyn, hapa mjini. Uwanja wenyewe, Municipal Stadium, ulibomolewa mwaka 1976. Tarehe 25 Septemba 1965, timu ya Kansas City Athletics ilikuwa inaburura mkia wa ligi. Mwenye timu, Charlie Finley, akamsajili Satchel kwa mchezo mmoja dhidi ya Boston Red Sox. Akamwekea kiti cha kubembea pembeni ya uwanja, na muuguzi aliyevaa sare nyeupe amkande mkono. Watu 9,289 wakaja kucheka. Satchel akakaa kwenye kile kiti, akacheka nao.

Kisha akainuka. Miaka 59. Zamu ya kwanza, Carl Yastrzemski akampiga mpira wa vituo viwili. Baada ya hapo, hakuna. Zamu ya pili, watatu, wametoka. Zamu ya tatu, watatu, wametoka, wengi kwa vijimpira vyepesi vya kudaka. Vijana wa Boston, wengine hawajazaliwa wakati yeye anamnyima usingizi Josh Gibson, walikuwa wanarudi benchi wakitazama magongo yao kama yamewasaliti. Zamu ya nne akapanda kilimani, meneja akaja kumtoa kama walivyopanga, ili ashangiliwe. Taa za uwanja zikazimwa, watu wakawasha viberiti, wakamwimbia gizani. Hakuna mtu aliyewahi kurusha katika ligi kubwa akiwa na umri ule, hadi leo.

Ningekuwa mtengeneza filamu ningeishia pale kwenye viberiti. Lakini humu ndani wapo watu wanaohesabu saa zao za kazi, kwa hiyo nawaambia kilichofuata. Mkongwe yule alikuwa hana pensheni. Sheria ilitaka miaka 5 ya utumishi katika ligi kubwa. Alikuwa amepungukiwa siku 158. Zile za Birmingham, Pittsburgh na Monarchs hazikuwa siku. Akaandika barua kwa timu, moja baada ya nyingine, akiomba kazi yoyote. Mwaka 1968 Atlanta Braves wakamchukua, kwa jina akiwa mrushaji na mshauri, ili siku zitimie. Asije mtu akaniambia kwamba ule ulikuwa ukarimu. Lilikuwa deni, na lililipwa kwa mlango wa nyuma.

Mwaka 1971 Jumba la Heshima la besiboli huko Cooperstown likamkubali, wa kwanza kwa ajili ya kazi yake katika ligi za weusi. Mwanzoni walitaka kumweka kwenye chumba cha pembeni. Nyumba ya heshima, na chumba cha uani! Watu wakapiga kelele mpaka wakaona haya, na tarehe 9 Agosti akaingia kwa mlango wa mbele na wengine.

Desemba 2020, miaka 38 baada ya kifo chake, wakuu wa besiboli walitangaza kwamba ligi za weusi za 1920 hadi 1948 nazo zilikuwa ligi kubwa. Mwezi Mei 2024 hesabu zikaingizwa kwenye vitabu. Yule aliyeandikwa miaka yote kama mgeni mzee wa miaka 42, sasa ameandikwa kwamba alianza Birmingham mwaka 1927, kijana wa miaka 20. Wamemrudishia zaidi ya miaka 20. Ile michezo ya njiani, ya vumbi, ya malipo ya limau, hiyo imebaki kwa mbuzi.

Tarehe 5 Juni 1982 mji wetu ulimfungulia uwanja wenye jina lake, pale Swope Parkway. Alikuja kwenye kiti cha magurudumu, mgonjwa wa mapafu, akarusha mpira wa kwanza. Tarehe 8 akafariki.

Sasa matangazo. Jumamosi ijayo tunakwenda makumbusho ya 18 na Vine. Ndani wametengeneza uwanja mdogo na sanamu za shaba za wachezaji, kila mmoja kwenye nafasi yake, na Satchel yuko kilimani. Magari mawili yapo, tutaondoka hapa saa nne asubuhi. Nimesema saa nne, si saa nne ya harusi. Mzee wetu wa kiti cha mbele ameniambia atakuja, na ameuliza kama wazee hupunguziwa tiketi. Nikamwambia nitauliza, lakini huenda wakataka kuona tarehe ya kuzaliwa. Amesema niwaambie kuhusu ziwa.